Ukifika uwanjani, vua mguu kwanza

Mguu wangu wa kwanza wa bandia niliusubiri miaka mitatu na zaidi, na siku nilipotembea nao pale mtaani Chikongola, Mtwara, nikiwa na viatu viwili, cha kushoto na cha kulia, mama mdogo alilia kwa sauti mpaka majirani wakatoka wakidhani kuna msiba. Naanza na hilo ili mwelewe nilivyojisikia mwezi mmoja baadaye, mwalimu mmoja wa michezo aliponialika uwanjani jioni kwenye voliboli ya kukaa, nimefika nimesimama wima, nimependeza, gauni limefunika kila kitu, hakuna anayejua, halafu ananiambia karibu sana dada, vua mguu ukae chini.

Nilikasirika. Sikumjibu vibaya maana ni mtu mzima na alisema kwa upole, ila moyoni nilisema huyu hajui mguu huu umenigharimu nini. Nikakaa kwenye benchi, nikaangalia wenzangu wanavyojivuta kwenye sakafu ya saruji, nikarudi nyumbani. Wiki mbili sikukanyaga pale.

Sasa nirudi nyuma kidogo.

Mimi ni wa Tandahimba, huko ukikata mti wowote ujue umekata mkorosho. Mwaka 2009, mwezi wa kumi, nilikuwa na miaka 18 na korosho zimeshaanza kudondoka, nikaenda shamba na bibi kuokota. Wanaojua korosho wanajua kwamba kabla ya msimu lazima ufyeke na kufagia chini ya miti, maana korosho ikidondoka kwenye majani huioni, na mwaka huo kipande cha nyuma hatukukiwahi. Kifutu alikuwa amelala hapo. Kifutu sio nyoka wa kukimbia, wengine wakisikia hatua wanaondoka, yeye anatulia hapo hapo, rangi yake na majani makavu ni kitu kimoja, na mimi nimeinama naokota nikasogeza mguu. Alinipiga juu kidogo ya kifundo.

Bibi alifanya alichofundishwa na mama yake. Alichana kanga akafunga kwa nguvu chini ya goti, tukaenda kwa mzee mmoja mwenye jiwe jeusi la kunyonya sumu, jiwe likabandikwa, likaanguka, tukaambiwa sumu imetoka. Usiku mguu ulivimba mpaka ngozi ikawa inang'aa. Asubuhi nikapakiwa kwenye pikipiki katikati ya watu wawili, kituo cha kwanza dawa ya sumu ya nyoka hakuna, cha pili hakuna, nimekuja kufika penye daktari wa upasuaji siku ya tatu. Baadaye sana ndo nilielewa kwamba sumu ya kifutu inaoza nyama pale pale ilipoingia, na kufunga kamba kunaifungia sumu sehemu moja na kukata damu juu yake, yaani tulisaidiana na nyoka. Simlaumu bibi hata chembe. Shirika la Afya Duniani lenyewe limekuja kuweka kuumwa na nyoka kwenye orodha ya magonjwa yaliyosahaulika mwaka 2017, mimi wakati huo nimeshamaliza miaka 8 tangu nikatwe mguu. Kwa hiyo ndugu zangu mnaosoma hapa mkiwa mashambani, usifunge kamba, usichanje, usibandike kitu, mlaze mtu, mguu usicheze, tafuta usafiri. Nimeona niliseme kabla sijaendelea, hata mtu mmoja akilishika inatosha.

Walikata chini ya goti. Goti likabaki, na kwa mtu aliyekatwa mguu goti ni mali.

Miaka iliyofuata nilikuwa wa magongo mchana na wa kutambaa usiku. Magongo usiku kwenye nyumba ya udongo yenye kizingiti huwezi, ukitaka kwenda chooni unashuka kitandani unaenda kwa mikono na magoti, na kuna asubuhi moja mtoto wa jirani alinikuta uani akaita wenzake waje waone mtu mkubwa anatambaa. Alikuwa mtoto tu, sasa hivi ana watoto wake na tunasalimiana vizuri. Ila chini, yaani ardhini, palikuwa pameshakuwa mahali pa aibu yangu. Ndo maana nilipopata mguu nilikuwa siutoi. Nilikuwa nalala nao kando ya mto kichwani. Korosho za bibi za misimu miwili ziliuzwa ili nipate nauli ya Dar na pa kulala, nikapimwa, kigutu kikazungushiwa bandeji za plasta kupata umbo lake, nikarudi Mtwara kusubiri, nikapigiwa simu, nikaenda tena. Mafundi wa miguu bandia hawasifiwi vya kutosha nchi hii, wengi wamesomea chuo chao cha TATCOT pale hospitali ya KCMC Moshi, na fundi aliyenitengenezea mimi alinifundisha kutembea kati ya mabomba mawili kwa subira kama ya mama anayemfundisha mtoto.

Halafu huyu mwalimu ananiambia vua.

Kilichonirudisha uwanjani ni mama mdogo. Alikuwa anasuka mkeka sebuleni, yeye na wanawake wengine watatu, wote chini miguu imenyooshwa, ukili umewazunguka, wanaongea wanacheka, na mimi nimekaa kwenye kiti peke yangu kama mgeni. Tangu nipate mguu sikuwa nakaa chini tena. Mama mdogo akasema bila hata kuniangalia, "Mwanangu, siku hizi umekuwa mtu wa vitini." Hakumaanisha lolote kubwa. Ila nilifikiria sana usiku ule. Huku kwetu msibani tunakaa chini, harusini tunakaa chini, maulidi chini, chakula kinaliwa chini kwenye sinia moja, wala hakuna anayeona aibu kukaa mkekani. Jumamosi iliyofuata nikaenda, nikakaa pembeni, nikafungua mkanda, nikauweka mguu ukutani. Mikono ilikuwa inatetemeka. Hakuna aliyegeuka kuangalia, kulikuwa na miguu mingine miwili imeegeshwa pale na magongo jozi tatu na wilichea moja.

Hiyo ni 2013, na mpaka leo nacheza voliboli ya kukaa, miaka 12.

Kwa wasioujua, mchezo wenyewe ni mpira wa wavu ule ule, mpira ule ule, watu sita kila upande, pointi 25 kwa seti na seti ya tano inaishia 15, isipokuwa wote mmekaa. Ulianza Uholanzi mwaka 1956, na ukaingia kwenye Paralimpiki kwa medali mwaka 1980, wanaume peke yao, sisi wanawake tumesubiri mpaka Athens 2004. Uwanja ni mita 10 kwa 6, wakati ule wa kusimama ni 18 kwa 9, na neti ya wanawake ina urefu wa mita 1.05 kutoka chini, ya wanaume 1.15. Mtu akisikia hivyo anasema aah kumbe kadogo, rahisi. Sio rahisi aisee. Uwanja ukiwa mdogo na neti ikiwa chini maana yake mpira hauna muda wa kukaa hewani, ukipigwa umeshafika, na wewe huna miguu ya kurukia.

Hiki ndo kitu ambacho wageni hawakioni. Voliboli ya kusimama miguu inakupeleka na mikono inacheza. Huku mikono inafanya kazi zote mbili. Viganja vinakaa kando ya nyonga, unasukuma sakafu, makalio yanateleza, umefika, sasa mikono ile ile iliyokuwa chini inatakiwa iwe juu usoni kabla mpira haujakufikia. Ukichelewa kuitoa chini mpira unakupiga kifuani, ukiwahi kuitoa hujafika. Kila mchezaji mpya anaangalia mpira anasahau kusogea, ananyoosha mkono, anaanguka ubavu. Mwalimu wetu alituwekea mpira kabatini wiki tatu nzima. Tulikuwa tunaserereka ukuta hadi ukuta, mbele, nyuma, kushoto, kulia, yeye amekaa chini anaserereka na sisi na miguu yake yote miwili mizima. Nilimheshimu kwa hilo kuliko kitu kingine chochote.

Wiki ya kwanza viganja vilitoka malengelenge. Mapaja yakachubuka, taiti ikatoboka nyuma, na kigutu, ambacho nilikuwa nakificha hata kwa daktari, kikawa kinapigwa na hewa na kuonwa na watu saa mbili nzima kila jioni. Ajabu, kikaanza kupona vizuri. Kile kidonda cha kusuguliwa na soketi, yaani kikombe cha mguu bandia kinachoshika kigutu, ambacho kilikuwa kinakuja na kuondoka kiliondoka moja kwa moja.

Mimi ni fundi cherehani, nimejifunza kipindi kile cha magongo maana ni kazi ya kukaa, kwa hiyo suala la nguo likawa langu. Nilianza na kiraka cha jinsi nyuma, kikatoboka, nikaweka jinsi mbili na sponji nyembamba katikati, tukafurahi sana, tukaenda nazo kwenye mechi yetu ya kwanza ya nje tukaambiwa na refa kwamba hapana, nguo nene namna hiyo hairuhusiwi, unatakiwa ukae kwenye sakafu kama wenzako wanavyokaa. Tukacheza na taiti za kuazima. Siku hizi nashona suruali ya kitambaa kimoja kigumu kinachoteleza, mshono wa nyuma nimeuhamishia ubavuni ili usikalie uzi, na timu mbili za mikoani zimeniagiza.

Suruali yenyewe ilileta maneno nyumbani. Bibi alikuja kutoka Tandahimba akasikia kwamba mjukuu wake anavaa suruali anakaa chini mbele za wanaume anatandaza miguu, akasema hajanilea hivyo. Sikubishana nae, bibi yangu habishiwi. Nilishona suruali pana na juu shati refu linalofika gotini lenye mpasuo pembeni ili lisinibane nikisukuma, ushungi nikaufunga kwa pini nyuma, nikamwambia bibi twende ukaangalie mwenyewe. Alikaa kwenye benchi na kikapu chake cha ming'oko ya kuchemsha, anamenya anakula, hasemi kitu. Tulipomaliza nikamuuliza bibi vipi. Akasema, "Kumbe mmekaa tu kama sisi tunavyosuka." Basi. Kuanzia siku hiyo akija mjini anauliza leo hamchezi?

Nimekuwa seta tangu mwaka wa pili. Seta ndo anayepokea mpira wa pili na kumuandalia mpigaji, kwa hiyo kila mpira lazima upitie kwangu, ukipokelewa vibaya ukaenda kona mimi ndo niukimbilie, na kukimbilia kwenyewe ni kwa viganja. Nikifika nauinua kwa ncha za vidole, vidole kumi vyote, nikiwa nimeegemea upande mmoja maana mara nyingi nimefika bado sijakaa sawa. Kuna kanuni moja inatutesa wote, wakati unagusa mpira lazima sehemu ya mwili wako kati ya makalio na mabega iwe imegusa sakafu, ukinyanyuka filimbi inalia. Ukiwa nyuma unaokoa mpira wa mbali kuna nafuu kidogo, lakini mbele kwenye neti hamna msamaha. Sasa binadamu akitaka kupiga kitu kilicho juu mwili wenyewe unanyanyuka, hata mkono mmoja ukisukuma chini kidogo tu makalio yameshaachia. Mimi ilinichukua kama mwaka kuacha kunyanyuka. Mwalimu alikuwa ananiwekea karatasi chini, ananirushia mpira, mwenzangu anaivuta, ikitoka nimenyanyuka.

Na refa anakupima kwa makalio. Hilo nalipenda sana. Nikipiga sevu, yaani mpira wa kuanzisha, makalio ndo yanatakiwa kuwa nyuma ya mstari, miguu ikilala ndani ya uwanja haina shida. Nafasi yangu uwanjani haihesabiwi kwa mguu, inahesabiwa kwa pale nilipokalia. Kwa mtu aliyepoteza mguu kusikia kanuni kama hiyo kwa mara ya kwanza, sijui nielezeje, nilijisikia kwamba kuna mtu aliyeuandika mchezo huu alikaa akatufikiria. Kingine ambacho voliboli ya kusimama haina, huku sevu unaruhusiwa kuibloku. Mpinzani anapiga sevu na wewe umeshaweka mikono juu ya neti unaisubiri, mechi za mwanzo niliogopa nikafumba macho, siku hizi bloku ya sevu ndo kitu kinachonipa raha kuliko vyote.

Mpigaji wangu kwa miaka saba alikuwa dada mmoja wa Lindi mwenye polio, amenizidi miaka kama 15, alikuwa anakuja Mtwara kwa basi kila Ijumaa na kurudi Jumapili. Polio ilimkondesha miguu yote miwili tangu mtoto, kwa hiyo hajawahi kutembea, mikono yake ni kama ya mvuvi na akisukuma mara moja anafika ninapofika mimi kwa mara tatu. Alinifundisha kwamba mimi nacheza kama mtu aliyepoteza mguu, bado nautafuta, najisawazisha kwa kitu ambacho hakipo, na kweli nikiegemea kulia nilikuwa naanguka. Akaniambia jifunze kukaa upya, uzito wako weka kushoto kidogo halafu tumbo likaze. Hakuna kocha aliyewahi kuniambia kitu cha maana kuliko hicho. Aliacha kucheza 2021, mabega yamechoka.

Na hapa kuna jambo nimeliona mwenyewe uwanjani kwa miaka hii yote. Tulipoanza wachezaji wenye polio walikuwa nusu ya timu. Sasa hivi hayupo hata mmoja chini ya miaka 30, na Afrika nzima ilithibitishwa kuwa haina tena polio ya asili mwezi Agosti 2020, nashukuru Mungu kwa hilo, sitaki mtoto yeyote aje kucheza na sisi kwa njia hiyo. Ila benchi halijabaki tupu. Wamekuja wa bodaboda. Vijana wa miaka 20, 22, goti limesagika, mguu umekatwa juu, wengine ni madereva wengine ni abiria waliokuwa wanawahi sokoni. Mwaka mmoja tulipokea wapya wanne, wote wa pikipiki, wawili kwenye barabara ile ile ya kwenda Newala. Wana hasira sana mwanzoni na mimi nawaelewa.

Mechi yetu ya kwanza ya Dar tulifungwa seti zote tatu, seti moja tumepata pointi sita. Sio kwamba hatukujua kucheza. Sisi tumejifunza kwenye saruji yenye chenga, unasukuma kwa nguvu ndo uende, kule sakafu ni laini inateleza, tukisukuma tunapitiliza mpira tunaenda kugongana. Mwenzangu mmoja aliingia chini ya neti mara nne. Usiku tulilia kwenye bweni, halafu tukarudi Mtwara mwalimu akatumwagia unga wa muhogo kwenye sakafu, akafagia ukabaki vumbi jembamba, tukajifunza kuteleza. Kuna mama mmoja jirani wa ukumbi alikasirika sana kuona chakula kinamwagwa, na alikuwa na haki ya kukasirika.

Ukumbi ndo kilio chetu kikubwa. Tunafanyia mazoezi kwenye ukumbi wa kukodi ambao mwenyewe ni mtu mwema, anatuachia bure siku ambazo hauna kazi. Lakini huku kusini mnajua, korosho zikiuzwa vizuri mnadani na hela zikaingia, ni harusi, ni ngoma, ni shughuli mpaka mwezi wa pili, ukumbi haupatikani. Msimu ukiwa mzuri sisi tunahamia Shangani ufukweni. Mchanga unafaa kwa nguvu za mikono, kuserereka haiwezekani, na mguu bandia mchanga ukiingia kwenye kifundo ni fundi tena. Miaka ambayo korosho zimekataa tunakuwa na ukumbi ila hatuna nauli. Timu imekufa mara mbili kabisa, mara ya kwanza neti ilichanika ikakaa miezi minane, mara ya pili mwalimu alihamishwa kikazi. Mara zote mbili niliyeanza kupiga simu ni mimi, kwa sababu nilikuwa nikikaa mwezi bila kucheza narudi kulala na mguu kando ya mto.

Hela haipo. Nasema hivyo kwa wale wanaoniandikia kuuliza kama wanaweza kuishi kwa mchezo huu, kwa hapa kwetu hapana, bado. Mimi naishi kwa cherehani. Tulijiunga kikundi tukaomba mkopo wa halmashauri, ile asilimia 10 ya mapato ya ndani ambayo 4 ni za kinamama, 4 za vijana na 2 za sisi watu wenye ulemavu, mikopo ikasimamishwa nchi nzima Aprili 2023 tukiwa tumeshajaza fomu, ikarudi 2024 tukaanza upya. Tumepata cherehani mbili. Nauli za mashindano tunachanga, na nimeshawahi kuacha kwenda kwa sababu ya kodi ya nyumba, sikulala siku ile timu inacheza.

Lakini najua inawezekana ikawa zaidi ya hapa, kwa sababu jirani zetu wamefanya. Rwanda. Timu yao ya wanaume ilifika Paralimpiki ya London 2012, ya kwanza kutoka kusini mwa Sahara kwenye mchezo huu, na kati ya waliouanzisha mchezo kule kuna watu waliopigana kwenye vita wakiwa majeshi mawili tofauti, wakapoteza viungo, wakaja kukaa kwenye sakafu moja timu moja. Wanawake wao wakaenda Rio 2016. Nilikuwa naangalia vipande kwenye simu ya mama mdogo, bando linakata, narudia. Tokyo wakaifunga Japani nyumbani kwao. Siku ile nilipiga simu Lindi kwa yule dada yangu, hatukuongea hata kitu cha maana, tulikuwa tunapiga kelele tu. Wale dada wanapika ugali kama sisi, wana vilima sisi tuna bahari, basi. Sijawahi kuona Marekani au China nikasema ningeweza kuwa mimi, ila Rwanda niliona.

Vijana wangu wao wanampenda mchezaji wa Irani, Morteza Mehrzad, yule mwenye mita 2.46. Kila mazoezi lazima mmoja atoe simu. Wao wanaangalia mkono unavyopita juu ya neti, mimi nawaambia angalieni maisha yake, alianguka na baiskeli akiwa kijana akavunjika nyonga, mguu mmoja ukaacha kukua, akawa mtu wa kujifungia ndani kwa sababu ya watu kumshangaa, na sasa ana dhahabu tatu, Rio, Tokyo na Paris. Na kule Paris 2024 iliripotiwa kwamba hakupata kitanda cha kumtosha, akalala chini. Vijana walisikitika, wakasema wamemdharau. Ni kweli ilitakiwa apate kitanda. Ila mimi nilipoisoma ile habari nilimuona mtu ambaye chini hapamsumbui tena.

Mwaka huu nimetimiza 34 na bega la kulia linaniambia. Daktari amesema nimelitumia kwa magongo, kwa sevu na kwa gurudumu la cherehani, nipunguze moja. Nimepunguza sevu, napiga ya chini. Mechi nacheza seti moja au mbili halafu nampisha binti wa Msangamkuu ambaye vidole vyake ni vizuri kuliko vyangu, ila bado ananyanyuka, namuwekea karatasi.

Mwezi wa tano alikuja binti mwingine, wa Nanyamba, miaka 19, bodaboda, amekatwa juu ya goti. Mguu wake mpya kabisa, bado unanukia plastiki. Dera limefika chini. Akakaa kwenye benchi, akaangalia mazoezi mpaka mwisho, akaaga, akaondoka. Wenzangu wakataka kumfuata wamwambie, nikawazuia. Wiki ya pili akaja akakaa kwenye benchi. Wiki ya tatu hakuja, na nakiri ile Jumamosi nilicheza vibaya. Ya nne akaja amechelewa, tumeshaanza, mimi nipo pembeni nafunga bandeji ya bega. Akasimama karibu yangu kama dakika tano hivi hasemi kitu, halafu akainama akaniuliza kwa sauti ndogo, "Shikamoo dada. Nikiuvua nauweka wapi?"

Nikamwonyesha pale ukutani tunapoipanga, upande wa kivuli, kwa sababu ukiuacha dirishani jua la saa kumi linaupata, plastiki inapata joto kali, na ukija kuvaa unaunguza kigutu.